Ebenezeri ya Georgia

Jina Ebenezeri tunalijua kutoka 1 Samweli 7:12, jiwe la msaada. Walutheri wa Salzburg walilipa makazi yao huko Georgia, Marekani. Walikuwa wamefukuzwa kwao kwa amri ya Askofu Mkuu Firmian ya mwaka 1731, na kundi la kwanza lilifika Machi 1734 pamoja na mchungaji Johann Martin Boltzius. Udongo ulikuwa mbaya na maradhi yakaua wengi, hata mwaka 1736 wakahamia kando ya Mto Savannah.

Koloni lile lilikataza utumwa. Majirani walipodai watumwa, watu wa Ebenezeri walimwandikia Jenerali Oglethorpe mwaka 1739 wakiomba katazo libaki. Wao walilima kwa mikono yao wenyewe na mazao yalitosha. Tunaipenda sana barua hiyo. Lakini katazo liliondolewa mwaka 1751, na wale waliokuwa wakimbizi wakaanza nao kununua watu. Tukiwasimulia washarika habari za Salzburg, mara nyingi tunaishia kwenye barua.

Kanisa lao la matofali, Yerusalemu, lilikamilika mwaka 1769. Hadi leo linatumika kwa ibada.