Nani Ahesabiwe Mwenye Mji? Sheria na Demokrasia, Athens ya Kale na Likasi

Mwezi wa Desemba 1957, miji mitatu ya Kongo ya Wabelgiji iliwapigisha wakazi wake Waafrika kura kwa mara ya kwanza: Léopoldville, Élisabethville na Jadotville, ndiyo Likasi ya leo. Amri iliyotolewa Machi mwaka huo ilikuwa imeigawa miji hiyo katika komini, kila komini na baraza lake la washauri. Walioandikishwa ni wanaume wenye miaka 25 na kuendelea. Wanawake waliachwa nje. Neno la mwisho lilibaki kwa watawala wa Kibelgiji, na hata mameya wa komini waliteuliwa kwa idhini yao. Hata hivyo fundi wa kiwanda cha Shituru na karani wa Kikula, waliozoea kupangiwa pa kulala na saa ya kutembea, walikwenda siku hiyo kumchagua mtu wa kuwasemea.

Mara nyingi kura hiyo hutajwa kama hatua ya kwanza kuelekea uhuru, na ni kweli. Lakini kabla ya kura kuhesabiwa, watu huhesabiwa. Mtu fulani huamua ni jina la nani liandikwe kwenye orodha na la nani lifutwe. Swali hilo liliusumbua mji wa Athens, mji ambao dunia nzima huutaja demokrasia inapozungumziwa, na limeumiza Likasi kuliko miji mingi ya Kongo. Ndiyo maana inafaa kuisoma historia ya miji hii miwili kwa pamoja.

Sheria iliyoandikwa mahali pa wazi

Tuanze na sifa, kwa kuwa Athens inazistahili. Kabla ya mwaka 594 KK, mkulima wa huko aliyeshindwa kulipa deni aliweza kuuzwa utumwani yeye na watoto wake. Mwaka huo Solon alifuta madeni na kupiga marufuku mkopo wowote uliowekewa mwili wa mtu kuwa rehani. Karne moja hivi baadaye, mwaka 508 KK, Kleisthenes aliwapanga raia upya kwa vijiji na mitaa yao, 139 kwa jumla, akaigawanya katika makabila mapya kumi. Kila kabila lilichanganya watu wa pwani, wa bara na wa mjini, ili koo kubwa za zamani zisiendelee kumiliki siasa. Kila kabila lilitoa watu 50 kwa kura ya bahati, na hao 500 ndio waliokuwa Baraza la mji.

Mahakama nazo zilikuwa mikononi mwa watu. Kila mwaka wanaume 6,000 waliotimiza miaka 30 waliandikwa kuwa waamuzi. Kesi nzito ilisikilizwa na watu 501 au zaidi, bila hakimu wa kitaaluma juu yao. Muda wa kila msemaji ulipimwa kwa saa ya maji, na katika karne ya nne waamuzi walipiga kura ya siri kwa visahani vya shaba nyeusi. Perikles aliwawekea posho, ili fukara naye aache kazi yake siku moja aje kuhukumu. Sheria zilichongwa kwenye mawe na kusimamishwa hadharani, na mtu aliyependekeza azimio linalovunja sheria aliweza kushtakiwa na raia yeyote.

Waliochimba hawakuhesabiwa

Sasa tuitazame orodha. Mwaka 451 KK, kwa pendekezo la Perikles huyohuyo, ilipitishwa sheria kwamba raia ni yule tu ambaye baba na mama yake wote wawili ni wa Athens. Wanawake hawakupiga kura. Wageni wakazi, hata waliozaliwa pale, walilipa kodi ya kichwa ya drakma 12 kwa mwaka kwa mwanamume na walitakiwa kuwa na raia wa kuwadhamini. Watumwa hawakuwa na haki yoyote ya kisiasa.

Wengi wa watumwa hao walifanya kazi Laurion, kwenye machimbo ya madini ya fedha kusini mwa nchi. Mwaka 483 KK ulipatikana mwamba tajiri, na Themistokles akaushawishi mkutano wa raia usigawane mapato bali uunde manowari. Manowari hizo ndizo zilizowashinda Waajemi huko Salamis miaka mitatu baadaye. Tajiri mmoja, Nikias, alikuwa na watumwa 1,000 aliowakodisha machimboni, kila kichwa kikimwingizia oboli moja kwa siku. Mji uliojadili haki kwa uhuru wa ajabu uliishi kwa jasho la watu ambao hawakuruhusiwa kamwe kufungua mdomo mkutanoni.

Msomaji wa Likasi hahitaji kuelezwa machimbo ni nini. Union Minière iliundwa mwaka 1906, na mji huu ulikua kwa shaba na kobalti, hata ukapewa mwaka 1931 jina la Jean Jadot, mkubwa wa kampuni. Wafanyakazi walikusanywa kutoka mbali: Lomami, Kasai, Rodezia ya Kaskazini, Ruanda-Urundi. Reli ilipounganisha Bukama na Port-Francqui mwaka 1928, njia ya Kasai ilifunguka zaidi, na kampuni ikaanza kupendelea mfanyakazi aliyekuja na mke wake, akae kambini kwa mkataba wa miaka mitatu. Hao hawakuwa watumwa kama wa Laurion. Lakini walikuwa na mahakama zao tofauti, mitaa yao tofauti, na usiku hawakuruhusiwa kuzunguka mtaa wa Wazungu bila kibali.

Desemba 1941, vita vilipopandisha bei ya kila kitu, walisimamisha kazi kudai mshahara. Askari walifyatua risasi Jadotville, kisha tarehe 9 Desemba Élisabethville, kwenye uwanja wa mpira, ambako karani Léonard Mpoyi alikuwa miongoni mwa waliouawa. Mwafrika aliruhusiwa kuunda chama cha wafanyakazi mwaka 1946 tu.

Lafudhi ya baba

Kura ya 1957 basi iliwakuta watu waliotoka pande zote, wakiwa wamejenga mji mmoja. Élisabethville, komini za Waafrika zilipata mameya wenye asili ya nje ya Katanga. Jibu lilikuja Oktoba 1958, vyama vya kikabila vya Katanga vilipoungana kuunda Conakat, chini ya Godefroid Munongo na baadaye Moïse Tshombe, kutetea wale walioitwa Wakatanga halisi. Katika uchaguzi wa Mei 1960, Conakat ilipata viti 25 kati ya 60 vya bunge la jimbo, mbele kidogo ya muungano wa Balubakat wa Jason Sendwe. Tarehe 11 Julai Tshombe alitangaza Katanga kujitenga na Kongo.

Athens nayo ilipitia msako wa raia halisi. Mwaka 346 KK iliamriwa kila mtaa ukague orodha yake. Aliyefutwa aliweza kukata rufaa, lakini akishindwa aliuzwa utumwani. Tunayo hotuba ya utetezi iliyoandikwa na Demosthenes kwa ajili ya Euxitheos wa mtaa wa Halimous. Hasimu yake aliichelewesha kura juu ya jina lake hadi jioni, wengi wakaenda zao. Euxitheos anadai walibaki watu wasiozidi 30, lakini kura zilizotoka sandukuni zilipita 60. Na ushahidi dhidi yake? Kwamba mama yake aliuza tepe sokoni na kunyonyesha watoto wa watu, na kwamba baba yake alisema kwa lafudhi ya kigeni. Euxitheos anaeleza: baba alitekwa vitani, akauzwa ugenini, akakaa huko miaka mingi. Mateso aliyoyapata kwa ajili ya mji yakageuzwa hoja ya kumfukuza mwanawe.

Mbele ya hukumu ya namna hiyo ndipo Likasi ilipofika mwaka 1992. Tarehe 15 Agosti, Mkutano wa Taifa mjini Kinshasa ulimchagua Étienne Tshisekedi, mtu wa Kasai, kuwa waziri mkuu badala ya Nguz Karl-i-Bond wa Katanga. Viongozi wa jimbo walikuwa wamekwisha kuwachochea vijana kwa hotuba zilizowaita Wakasai bilulu, yaani wadudu. Muda mfupi baadaye nyumba za Likasi zilivamiwa. Familia zilizoishi hapa vizazi viwili au vitatu, watoto na wajukuu wa wale walioletwa na kampuni, zilikimbilia stesheni na mashuleni, zikasubiri treni wiki baada ya wiki. Watoto walikufa kwa njaa na maradhi. Mwaka 1993 ikawa zamu ya Kolwezi. Euxitheos walau alipewa saa ya maji na waamuzi wa kumsikiliza. Familia za Likasi hazikupewa hata hilo.

Orodha tunayoidai

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006 ilijibu kwa maneno yasiyo na shaka. Kifungu cha 5 kinampa kura kila Mkongomani, mwanamume au mwanamke, aliyetimiza miaka 18. Kifungu cha 13 kinakataza kumbagua mtu kwa kabila au asili yake. Kifungu cha 30 kinampa haki ya kuishi popote nchini. Kwa maandishi, orodha yetu ni pana kuliko ile ya Perikles.

Lakini sheria ya 2008 inayoipa miji na komini mabaraza ya kuchaguliwa haijafika Likasi. Desemba 2023 washauri wa komini walichaguliwa katika makao makuu ya majimbo, na Likasi si makao makuu. Mji uliokuwa miongoni mwa mitatu ya kwanza kupiga kura mwaka 1957 ulibaki kutazama wengine, huku meya wake akiteuliwa kutoka Kinshasa.

Waathene walikosea kuhusu nani ahesabiwe, na kosa hilo liliwatia doa la kudumu. Walichopatia ni kwamba mji huendeshwa na watu wanaokaa ndani yake, wakiwa chini ya sheria inayosomeka na wote. Wakazi wa Likasi, Panda, Kikula na Shituru wachukue somo hilo la pili na kulikataa la kwanza. Tudai uchaguzi wa komini zetu, na siku utakapokuja, tusiruhusu mtu yeyote aulize jirani yetu babu yake alishuka kwenye treni gani.