Wale Wasioitwa Stelingi

Katika sinema kuna watu wa namna tatu: stelingi, adui, na wale wengine. Stelingi hafi, hilo kila mtoto wa Mji Mkongwe alilijua. Adui hufa mwishoni. Wale wengine hufa wakati wowote, na ni wachache wanaouliza majina yao. Mimi hupenda kuuliza.

Mmoja wao ni Woody Strode. Sisi tuliokuwa vijana katika miaka ya 1970 tulimwona katika filamu za kauboi za Kitaliana: Mmarekani mweusi, mrefu, kichwa kimenyolewa, maneno machache.

Alizaliwa Los Angeles tarehe 25 Julai 1914. Kabla ya sinema alicheza mpira wa Kimarekani. Mwaka 1946 yeye na mwenzake Kenny Washington walichukuliwa na timu ya Los Angeles Rams, na hapo ukavunjika mwiko uliowafungia mlango watu weusi katika ligi ile tangu msimu wa 1933 ulipokwisha. Hollywood nayo ikampa nafasi ndogo ndogo. Katika Spartacus (1960) ni mtumwa anayelazimishwa kupigana na mwenzake mbele ya wakubwa wa Kirumi. Anamshinda, anakataa kumuua, anawageukia wakubwa wenyewe, anauawa. Ni dakika chache tu, lakini uasi wote unaofuata unaanzia kwake.

Mwaka 1968 Wataliana walimtumia kwa namna mbili. Katika C'era una volta il West ya Sergio Leone anangojea treni. Maji yanamdondokea kichwani. Anavaa kofia, anayaacha yajae juu yake, kisha anayanywa. Hasemi neno. Treni inapofika na kuondoka, Charles Bronson anampiga risasi, na hadithi ndiyo kwanza inaanza.

Katika Seduto alla sua destra ya Valerio Zurlini, mtu wa pembeni aliwekwa katikati. Anaitwa Lalubi, kiongozi wa Kiafrika anayekamatwa, anayeteswa na kuuawa. Aliyekusudiwa ni Patrice Lumumba, aliyeuawa Katanga tarehe 17 Januari 1961. Filamu ilichaguliwa kushindaniwa Cannes, lakini tamasha la mwaka ule likavunjika kwa misukosuko ya Mei huko Ufaransa.

Kwetu Unguja jambo hili lina uzito wake. Januari 1964, siku chache baada ya Mapinduzi, kamera za Kitaliana zilipita juu ya kisiwa chetu. Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi wakaziweka picha hizo katika Africa Addio, iliyotoka mwaka 1966. Humo wamo watu wetu, hai na maiti, wakitazamwa kutoka angani. Ni wadogo kama sisimizi. Hawana jina, hawana mama, hawana mtaa. Anayetazama haombwi kumlilia hata mmoja wao; anaombwa astaajabu tu. Miaka miwili baadaye, katika nchi ile ile, kamera nyingine ilimsogelea Mwafrika wa kuigizwa mpaka jasho lake likaonekana. Maiti wa kweli walinyimwa sura, na sura akapewa maiti wa kubuni. Sijui kama kuna haki katika hilo, lakini naona bora sura ipatikane popote kuliko kukosekana kabisa.

Strode alirudi pembeni. Alicheza na Terence Hill na Bud Spencer katika La collina degli stivali (1969). Akawa muuaji wa kukodiwa katika La mala ordina (1972). Na katika Keoma (1976) akawa mzee mlevi mwenye banjo, akimsindikiza Franco Nero. Alifariki tarehe 31 Desemba 1994. Mwaka uliofuata ilitoka Toy Story, na yule mwanasesere kauboi, Woody, amepewa jina lake. Watoto wanalitaja jina hilo bila ya kumjua mwenyewe.

Katika taarab anayetuzwa ni mwimbaji. Lakini mpiga kanuni akinyamaza, hata asiyejua muziki hugeuka kutazama kumetokea nini.