Fahamu Programu Kabla ya Kuipakua: Mwongozo kwa Wakazi wa Karatu na Ngorongoro

Mkulima wa vitunguu wa Mang'ola anayetafuta mtaji wa pembejeo na mwongoza watalii wa Karatu anayesubiri msimu wa wageni hutegemea simu janja kupata fedha na kupokea malipo. Programu wasiyoifahamu inaweza kugeuza simu hiyo kuwa chanzo cha hasara na fedheha.

Novemba 2024, Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza orodha ya majukwaa na programu 69 zilizokuwa zikitoa mikopo mtandaoni bila leseni. Baadhi ya programu za aina hiyo huomba ruhusa ya kusoma namba zote zilizohifadhiwa kwenye simu. Mkopaji akichelewa kulipa, ndugu, jirani na hata mwajiri wake hutumiwa ujumbe wa kumdhalilisha. Hivyo, anayetafuta mkopo ahakikishe kwanza kuwa mtoaji ana leseni ya Benki Kuu, kwa kuwa programu kuonekana dukani si uthibitisho wa uhalali wake.

Programu ipakuliwe kutoka duka rasmi la simu, si kupitia kiungo kilichotumwa na mtu asiyefahamika. Faili lenye jina linaloishia na herufi .apk ni programu, hata likiitwa picha, risiti au kadi ya mwaliko. Vivyo hivyo, kibali cha kuingia Hifadhi ya Ngorongoro ni hati, hakisakinishwi kwenye simu. Aidha, ruhusa zinazoombwa zilingane na kazi ya programu: tochi haihitaji kusoma ujumbe mfupi, ambamo hupokelewa namba za uthibitisho za benki.

Aliyekwisha kusakinisha programu yenye shaka azime intaneti, aifute, abadili namba za siri kwa kutumia simu nyingine na aitaarifu benki au kampuni yake ya simu. Namba ya tapeli iripotiwe kwa ujumbe kwenda 15040, na aliyeibiwa afike kituo cha Polisi akiwa na ujumbe husika kama ushahidi.

Utapeli huo ni kosa chini ya Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015. Ambaye taarifa zake zimetumika bila ridhaa anaweza kulalamika kwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.