Sanduku la Kibuta: wakubwa mezani, mapenzi chini ya godoro

Bagia tatu nilizonunua Kibuta, wilayani Kisarawe, zilifungwa katika ukurasa wa 47 wa riwaya ya mapenzi. Mafuta yalikuwa yameshakula nusu ya maneno, lakini niliweza kusoma kwamba kijana mmoja kasimama kituo cha basi na barua mfukoni, na msichana hajatokea. Nikamuuliza muuza bagia kitabu chenyewe kiko wapi. Akaonyesha ndoo iliyokuwa miguuni pake: yamebaki majani machache. Rundo zima alikuwa amelinunua kwa kilo.

Ulikuwa mwezi wa Oktoba. Redio ya pale gengeni ilikuwa ikirudia hotuba ya Mwalimu Nyerere, ile ya sababu, uwezo na nia. Kila Oktoba tunaisikia, kwa kuwa mwezi huu unabeba kumbukumbu mbili: tarehe 14, siku aliyofariki Mwalimu mwaka 1999, na tarehe 30, siku ambayo Tanzania inahesabu kuwa ndiyo aliyovamia Idi Amin kule Kagera mwaka 1978. Kiongozi wa vita yumo redioni, mpenzi mwenye barua yumo kwenye mafuta ya bagia.

Mzee mmoja, mwalimu mstaafu, alikuwa kwenye benchi akisubiri chai. Baada ya shikamoo na marahaba akasema kama ninapenda karatasi za namna hiyo, kwake ana sanduku zima. Mengi yaliyomo katika makala haya yametoka kwenye sanduku hilo na kinywani mwa mwenyewe.

Ni sanduku la bati, la bweni, lenye kufuli isiyofunga tena. Juu vimepangwa vitabu vya wakubwa: viongozi, vita, uhuru. Chini vimelala vya mapenzi. Mzee anasema ndivyo ilivyokuwa nyumbani kwake toka ujana. Vya wakubwa viliwekwa mezani ili mgeni avione, na vya mapenzi vilikaa chini ya godoro.

Wakubwa wa mezani

Safu ya juu ina historia inayojulikana. Shaaban Robert aliiandika Vita Kuu ya Pili kwa beti, katika Utenzi wa Vita vya Uhuru, uliotoka mwaka 1967, miaka mitano baada ya yeye kufariki. Vita vya Kagera vilipokwisha, Baldwin Mzirai akatoa Kuzama kwa Idi Amin mwaka 1980, na mwaka uliofuata Henry Muhanika akakitungia utenzi kisa hicho hicho.

Pwani nasi tuna fungu letu. Mei 8, 2021, Mzee Ali Hassan Mwinyi alipotimiza miaka 96, kilizinduliwa kitabu cha maisha yake, Mzee Rukhsa. Alizaliwa Kivure, Mkuranga, wilaya iliyomegwa kutoka Kisarawe hii hii. Wakati wa vita vya Kagera yeye alikuwa balozi Misri.

Lakini kitabu ambacho mzee alikitoa kwa mikono miwili ni chembamba na hakina jalada: Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Nyerere ya mwaka 1969. Mwalimu, aliyefundisha Pugu, jirani na hapa, hadi mwaka 1955 alipoacha kazi kwa ajili ya TANU, alianza na mchezo wa Kaizari mwaka 1963. Huo ni wa kiongozi anayeuawa na vita vinavyofuata. Miaka sita baadaye akatafsiri mchezo ambao ndani yake msichana anaposwa kwa mtihani wa makasha matatu: la dhahabu, la fedha na la risasi. Anayechagua la risasi ndiye anayepata mke. Mzee alicheka peke yake hapo. Kiswahili, alisema, kimeyaita madini ya kasha lile na kinachotoka kwenye bunduki kwa jina moja, na Mwalimu alitupa vyote viwili: vita na mapenzi.

Kitabu kilichochapiwa viboko

Safu ya chini ndiyo yenye ugomvi. Faraji Katalambulla alikuwa ameshafungua njia mwaka 1965 kwa Simu ya Kifo, hadithi ya upelelezi. Mwaka 1971 kikatoka Rosa Mistika cha Euphrase Kezilahabi, kijana wa Ukerewe. Rosa ni binti aliyelelewa na baba mkali, Zakaria, asiyetaka asikie hata jina la mvulana. Anapokwenda shule mbali na fimbo ya baba, hajui ajilinde vipi. Kezilahabi hakupunguza neno, na mwisho wa binti yule ni wa kutisha. Kitabu kikapigwa marufuku mashuleni.

Mzee wetu alikuwa mwanafunzi wa bweni wakati huo. Anakumbuka nakala moja iliyofika bwenini imevalishwa jalada la kitabu cha jiografia. Kuisoma usiku mmoja kulilipiwa nusu mche wa sabuni. Taa ilikuwa koroboi iliyofunikwa na kopo ili mwanga usitoke dirishani, na asubuhi msomaji alitambulika kwa masizi puani. Ndivyo alivyokamatwa. Alichapwa viboko mbele ya mstari, na kitabu kikachukuliwa kupelekwa ofisi ya walimu. Wiki nzima iliyofuata, anasema, taa ya ofisi ile ilichelewa kuzimwa.

Marufuku haikudumu, na Rosa Mistika ikaja kusomwa madarasani. Mzee, akiwa mwalimu wa Kiswahili, akaifundisha. Kwa hiyo kitabu alichochapiwa viboko ndicho alicholipiwa mshahara. Swali ambalo wanafunzi wake walimuuliza kila mwaka ni lile lile: nani aliyemuua Rosa, yeye mwenyewe au baba yake? Hakuwahi kuwajibu, anasema, kwa sababu darasani walikuwepo wasichana waliokuwa wakiishi na akina Zakaria wao.

Mpenzi arudi kutoka vitani

Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika, na shirika lake la vitabu, lililokuwa limewachapa Katalambulla, Kezilahabi na Elvis Musiba, likafa nayo. Mwaka uliofuata vikaja vita. Mwalimu akatuomba tufunge mkanda kwa miezi 18. Miezi ikapita, mkanda ukabaki pale pale: sukari kwa foleni, sabuni kwa foleni, na karatasi ndiyo usiseme.

Hapo ndipo vijana walipoanza kujichapishia wenyewe. Kajubi Mukajanga akaleta Mpenzi. Ben Mtobwa akamleta Joram Kiango, mpelelezi asiyeachana na Nuru wake, na katika Zawadi ya Ushindi akayashika mapenzi na vita vya Kagera kwa mkono mmoja. Vilikuwa vitabu vidogo, vya kuingia mfukoni, karatasi yake ikifanana na ya gazeti, vikipangwa chini mbele ya stendi. Wasomi wakaviita riwaya pendwa, na wengine hawakulitamka neno hilo kwa heshima.

Mimi nawaona walikosea. Hotuba zinatuambia tulishinda. Vitabu vya wakubwa vinatuambia nani aliamuru na lini Kampala ilianguka. Anayetaka kujua askari alirudi nyumbani na nini moyoni, na aliyemngoja alimpokeaje, akatafute vile vya chini ya godoro.

Mtobwa alifariki mwaka 2008, Musiba mwaka 2010, Kezilahabi Januari 2020. Katikati hapo hadithi za mapenzi zilihamia kwenye magazeti ya Eric Shigongo, wiki kwa wiki, na sasa ziko kwenye simu za wajukuu wa mzee, vipande vipande, kwa WhatsApp.

Serikali ina Maktaba Kuu, iliyofunguliwa na Mwalimu mwenyewe Desemba 9, 1967, na sheria inamtaka mchapishaji apeleke nakala huko. Lakini kijana aliyechapa kwa mkopo na kuuza stendi, nani alimfuata kumdai nakala? Wakubwa wana makumbusho, barabara na siku za mapumziko. Vitabu vilivyotufundisha wengi wetu kusoma usiku vinapimwa kwa kilo.

Nilipokuwa naaga, mzee aliomba ule ukurasa wa bagia. Aliukunjua, akaunyunyizia unga wa muhogo kidogo kunyonya mafuta, akaukung'uta na kuusoma pande zote mbili. Kitabu hakukitambua. Hata hivyo aliuweka sandukuni. Hakuushusha chini na vya mapenzi. Aliulaza juu, katikati ya Kaizari na Idi Amin.