Casement, Morel na Jina la Costermansville

Katika vitabu vya Waingereza mashuhuri wa mwanzo wa karne ya 20, Roger Casement na E. D. Morel huonekana kuwa mbali na mji wa Bukavu, huko Kivu, Kongo. Casement alikuwa konsuli wa Uingereza, Morel karani wa kampuni ya meli ya Liverpool aliyeona shehena za mpira na pembe za ndovu zikija Ulaya, huku Kongo ikipelekewa zaidi bunduki na risasi. Lakini ripoti ya Casement ya 1904 kuhusu ukatili nchini Kongo ilimlazimu Mfalme Leopold II wa Ubelgiji, aliyeitawala Kongo, kutuma tume ya uchunguzi. Tume ilipotoboa ukweli, kaimu gavana Paul Costermans alijiua Machi 1905. Mwaka 1927 Wabelgiji waliuita mji wa Bukavu Costermansville, kwa jina lake.

Kuna atakayesema Casement hakuchunguza Kivu, na Uingereza nayo ilinyonya makoloni yake. Ni kweli, tena sana. Ila ushahidi haukuwa wa Waingereza peke yao: mbele ya tume, Chifu Lontulu wa Bolima aliweka vijiti 110, kimoja kwa kila mtu wake aliyeuawa. Sifa kubwa wanastahili mashahidi hao.