Fahamu Hatari za Seva Zenye Mfumo Endeshi Uliofikia Ukomo

Seva ni kompyuta inayohifadhi taarifa na kuzihudumia kompyuta nyingine. Katika mikoa ya Mbeya na Iringa, seva ya hospitali, chuo, chama cha akiba na mikopo au kiwanda cha chai cha Rungwe au Mufindi inaweza kuwa na kumbukumbu za wagonjwa, matokeo ya wanafunzi au hesabu za wanachama.

Ukomo wa mfumo endeshi

Kila mfumo endeshi una tarehe ambayo mtengenezaji husitisha masasisho ya kawaida ya usalama. Windows Server 2008 ilifikia ukomo huo Januari 14, 2020. Windows Server 2012, Oktoba 10, 2023. Na CentOS 7, Juni 30, 2024. Windows Server 2016 itafuata Januari 12, 2027.

Hatari iliyopo

Baada ya tarehe hiyo seva huendelea kufanya kazi kama kawaida, jambo linalowafanya wengi waamini kuwa iko salama. Hata hivyo, masasisho ya matoleo mapya huwaonesha wadukuzi kasoro ilipo. Kasoro hiyo ikiwemo pia katika toleo la zamani, hubaki wazi.

Mei 12, 2017, kirusi cha WannaCry kilifunga mafaili ya kompyuta katika nchi zaidi ya 150 na kudai fidia. Nchini Uingereza, maelfu ya miadi ya wagonjwa ilifutwa. Sasisho la kuziba kasoro hiyo lilikuwa limetolewa Machi kwa mifumo iliyokuwa bado na huduma. Windows Server 2003 ililipata kwa umma baada ya shambulio kuanza.

Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano unapita Iringa na Mbeya, hivyo umbali si kinga.

Hatua za kuchukua

• Orodhesha seva zote, matoleo yake na tarehe za ukomo.
• Tenga bajeti ya kuhama kabla ya ukomo.
• Seva isiyoweza kuhamishwa mara moja itengwe na intaneti.
• Tunza nakala rudufu nje ya mtandao, na ujaribu kuzirejesha.

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya Mwaka 2022 inamtaka anayekusanya au kuchakata taarifa za watu kuzilinda. Taasisi za umma zinapaswa kufuata miongozo ya Mamlaka ya Serikali Mtandao (e-GA). Matukio ya kiusalama yaripotiwe TZ-CERT, iliyo chini ya Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania (TCRA).