Chakula cha Mzazi

Mkorea akifikia siku yake ya kuzaliwa, huulizwa kwanza kama amekunywa supu ya mwani. Keki siku hizi ipo, lakini bila supu hiyo, miyeok-guk, siku haijatimia. Mwani wenyewe si ule wanaoulima akina mama wa Paje na Jambiani kule Zanzibar. Ni wa jamii nyingine, mpana, na ukichemka hulainika. Kilichonigusa ni asili ya desturi hii. Mwanamke wa Kikorea akijifungua, hulishwa supu hiyo kwa majuma kadhaa ili nguvu zimrudie. Kisha mwanawe, hata akiwa mtu mzima, kila mwaka hunywa kile kile alichonyweshwa mama yake siku zile za maumivu.

Nasi tunacho chakula cha mzazi. Uchagani ni mtori, ndizi na nyama zilizopondwa zikawa uji mzito. Pwani ni uji wa pilipili manga, huku mwili ukikandwa kwa maji moto. Hata lugha yetu inamtambua: mwanamke aliyejifungua tunamwita mzazi, na wodi yake ni wodi ya wazazi. Lakini siku za uzazi zikiisha, chungu hicho huepuliwa moja kwa moja. Mwaka ukitimia, anayeimbiwa ni mtoto peke yake, na akishakuwa kijana wenzake humvizia na ndoo ya maji. Sina ugomvi na ndoo. Ninachouliza ni mama yuko wapi katika shughuli hiyo, maana hakuna aliyezaliwa pasipo mtu kuzaa.

Akika ina funzo lingine. Siku ya saba Waislamu huchinja, mtoto hunyolewa, na uzito wa nywele zake hutolewa sadaka kwa thamani ya madini ya fedha. Mtoto hajajua hata kutabasamu, na tayari sadaka imetolewa kwa ajili yake. Afrika Kusini wana jambo linalokaribiana na hilo: tarehe 18 Julai, siku aliyozaliwa Nelson Mandela, watu huombwa kujitolea dakika 67 kwa ajili ya wengine, kwa kuwa alitumikia umma miaka 67. Umoja wa Mataifa uliipitisha siku hiyo mwaka 2009. Ni desturi njema, ila ni ya siku ya mtu mkubwa, na wengi hawafikirii kuihamishia kwenye siku zao wenyewe.

Kwangu mimi, supu ya Wakorea inazitangulia desturi hizi zote, kwa sababu haihitaji ukumbi wala mchango. Siku yako ikifika, mpikie mama mtori au uji wa pilipili manga. Kaa naye, umuulize uchungu ulimshika saa ngapi, nani alimsindikiza, na jina lako lilitoka wapi. Na kama ametangulia mbele ya haki, chukua chakula hicho umpelekee jirani aliyejifungua juzi.